Ndoo ya bibi na ndoo ya Jangwani

Msomaji wetu, binti wa Mombasa anayefanya kazi Dar es Salaam, ameandika hivi:

"Shikamoo mwalimu. Nimezaliwa na kulelewa Mji wa Kale, Mombasa, na sasa nina miezi minane Dar, naandika habari za michezo. Wiki ya kwanza kazini nilikabidhiwa habari yenye kichwa 'Ndoo yatua Jangwani'. Wallahi nilidhani ni habari ya shida ya maji. Kwetu bibi akisema 'ndoo', anakuita. Binamu yangu wa Nairobi naye kila nikimpigia simu hana 'doo'. Naomba unieleze, hili neno lina maana ngapi? Na nikiandika ndoo badala ya kombe, si nitaonekana naandika Kiswahili cha kihuni?"

Marahaba, mwanangu. Nianze na mwisho wa swali, maana ndiko kwenye wasiwasi. Ndoo kwa maana ya kombe ni Kiswahili, ina sarufi yake na watu wake, na ukurasa wa michezo ndio nyumbani kwake. Usiipeleke tu kwenye taarifa ya wizara au kwenye karatasi ya mtihani. Ila wewe una mzigo ambao wenzako wa ofisini hawana: umetoka Mombasa, na Mombasa ina ndoo mbili.

Nalijua hilo kwa kuumbuka. Nikiwa kijana nilipanga chumba Kibokoni, huko huko kwenu Mji wa Kale, Kiswahili changu kikiwa cha bara kitupu. Asubuhi moja mama mwenye nyumba akaita kutoka ndani: "Ndoo, mwanangu, ndoo!" Nikashika ndoo yangu ya bati, nikaijaza maji pale uani, nikaingia nayo huku imenilowesha miguu yote. Mama yule alikuwa amekaa mkekani mbele ya sinia la mahamri na bakuli la mbaazi. Akaitazama ndoo, akanitazama mimi, akacheka mpaka akashika ubavu. Alikuwa ananiita nije kula.

Kimvita cha Mombasa na Kiamu cha Lamu, pale Kiunguja cha Zanzibar kinapotamka nj, wao hutamka nd. Njia kwao ni ndia, njaa ni ndaa, njoo ni ndoo. Basi ndoo ya bibi yako na ndoo ya maji ni maneno mawili yaliyofanana sura tu, moja ni amri ya kuita na jingine ni chombo, hawajuani hata kwa ujirani. Kiunguja kilipofanywa msingi wa Kiswahili sanifu, katika miaka ya 1920 na 1930, ndoo ya kuitana ikabaki barazani na katika tungo za washairi wa kaskazini. Haijafa, na wala haijawahi kuwa kosa. Bibi akiwaita wengi husema "ndooni", na maji yakiwa ndani ya chombo nayo yamo ndooni. Kwa hiyo mtu wa Mombasa anaweza kusema "Ndooni, maji yamo ndooni" bila kutabasamu, na mgeni akabaki anatafuta mchezo uko wapi.

Sasa twende Jangwani. Ukishakaa Dar unajua kwamba Jangwani ni Yanga na Msimbazi ni Simba, kwa hiyo kichwa kile kilisema kwamba Yanga wamechukua kombe. Mashabiki hubeba ndoo, hunyakua ndoo, huhesabu ndoo. Timu iliyochukua ligi na Kombe la Shirikisho la nchi katika msimu mmoja imebeba ndoo mbili, kama Yanga walivyofanya msimu wa 2022/23. Ngao ya Jamii nayo, ambayo kwa umbo si ndoo wala kikombe bali ni ngao kweli, shabiki ataiingiza kwenye hesabu ya ndoo akitaka idadi ipande. Akiwa ni mpinzani ndiye aliyeichukua, hapo atakukumbusha kwamba ngao haichoti maji.

Kwa nini ndoo? Sababu ya umbo mtu huiona mwenyewe: kombe kubwa la fedha lina mdomo mpana, lina pa kushikia, na wachezaji wakishalipata hulinyanyua juu, wengine wakalitwika kichwani kama wametoka kisimani. Lakini mimi naona utani ndio uliolifanya neno likakaa. Ndoo ni chombo cha chini kuliko vyote ndani ya nyumba. Ndiyo ya kuogea, kufulia na kupigia deki, na usiku wa umeme kukatika utaipiga teke gizani. Shabiki anapoliita kombe la fedha la watu wenye suti "ndoo", analishusha mpaka uani kwake, alifunike na kumwazima jirani akipenda. Waandishi wengine wa michezo hapo Dar hulitania kombe kinyume chake, wakaliita "mwali", yaani binti aliyefungiwa ndani na anayesubiri kutolewa kwa ngoma. Wewe ukiona "mwali atua" usiulize harusi ni ya nani.

Neno hili huuma zaidi siku lisipokuja. Mwaka 1993 Simba walifika fainali ya Kombe la CAF, wakatoka suluhu na Stella ya Ivory Coast kule Abidjan, halafu wakafungwa 2-0 hapa hapa Dar. Mwaka 2023 Yanga walifika fainali ya Kombe la Shirikisho Afrika, wakafungwa 2-1 na USM Alger kwenye Uwanja wa Mkapa, wakaenda Algiers wakashinda 1-0, na bado ndoo ikabaki Algeria kwa hesabu ya mabao ya ugenini. Mwaka 2025 Simba tena, katika Kombe hilo hilo la Shirikisho Afrika, wakafungwa 2-0 kule Berkane, Morocco, na wakatoka sare ya 1-1 Zanzibar. Fainali tatu. Kwa hiyo ukisikia kijiweni mtu anamwambia mwenzake "nyie ndoo ya Afrika mtaionea kwenye televisheni", jua kwamba sentensi hiyo inawahusu wote wawili, na ndiyo maana hakuna anayecheka sana.

Wapo watakaokuambia kwamba kombe ndilo neno safi na ndoo ni uchafu wa mtaani. Hao waulize kombe lilizaliwa wapi. Kabla ya mpira, kombe lilikuwa chombo cha chakula, sahani pana au bakuli kubwa, na kikombe ni mdogo wake, ki- ya udogo imekaa mbele yake mpaka leo. Hata mgonjwa wa pwani alikunywa kombe: shehe aliandika aya kwa zafarani ndani ya sahani nyeupe, akaisuuza kwa maji, na maji yale yakanywewa kama dawa. Zilipokuja zawadi za fedha za umbo la kikombe, watu walichukua chombo cha jikoni wakakipa kazi ya uwanjani. Ndoo imepita njia ile ile, ila yenyewe imetokea uani badala ya jikoni na haijapata muda wa kuheshimika.

Na vyombo vyetu vina tabia hiyo ya kuhama kazi. Dar mtu akikwambia anakwea pipa kesho alfajiri, anapanda ndege. Akiwa amepiga mtungi, amelewa. Lakini uangalie mpaka: ukivuka Namanga, mtungi wa Nairobi ni lile dumu la plastiki la lita 20 la kuchotea maji, na ukimwambia mama wa kule kwamba mumewe amepiga mtungi usiku kucha atakuuliza kama mtungi umepasuka.

Debe ndilo lililosafiri kuliko yote, na kwa kazi yako ya uandishi utakutana nalo kila wiki. Neno lina asili ya Kihindi, na debe lenyewe lilikuwa bati la mafuta ya taa la galoni nne, kama lita 18 hivi. Mafuta yalipokwisha bati halikutupwa. Lilitiwa mpini wa mti kwa juu likawa ndoo, likawa kipimo cha mahindi, likanyooshwa likaezeka paa, na watoto wakalipiga likawa ngoma. Humo kwenye kupigwa ndimo maana zilimozaliana. Kupiga debe ni kunadi, kumsifia mtu au bidhaa kwa sauti ya juu. Mpiga debe ni yule kijana wa kituoni anayeita "Posta, Posta, mbili za mwisho" huku gari lina nafasi kumi, akipiga bodi ya daladala kwa kiganja. Methali ya debe tupu haliachi kuvuma imekaa hapo pembeni ikiwasubiri wote wawili, mpiga debe na mwanasiasa anayempigia. Kenya wakaenda mbele zaidi, debe likawa sanduku la kura. Magazeti ya kwenu yakiandika kwamba mgombea fulani atakuwa debeni, msomaji wa Dodoma anaweza kudhani amefungiwa ndani ya bati. Hilo wewe unalijua, lakini mhariri wako wa Dar pengine halijui, usimwache aongeze maelezo.

Nimekuja kwenye maana ambayo kamusi huipitia haraka na mimi naona ndiyo inayolisha watu wengi zaidi, ndoo kama kipimo. Nenda Soko la Ilala asubuhi na mapema, magari ya nyanya yakishashusha matenga. Hutasikia kilo. Utasikia ndoo kubwa, ya lita 20, na ndoo ndogo, ya lita 10, na chini yao sado. Sado ni kile kikopo cha lita 4, na jina lake limetoka kwenye makopo ya rangi ya Sadolin ambayo yalipobaki matupu yakageuzwa vipimo. Nani angewaza kwamba rangi ya ukutani ingeacha jina lake kwenye viazi na maharage.

Kununua kwa ndoo kuna elimu yake. Juzi nilisimama nyuma ya mama mmoja wa kigahawa, mnunuzi wa kila siku. Kabla ya kuuliza bei aliiinamisha ndoo ya muuzaji akaitazama chini, akapitisha mkono ndani mpaka kitakoni. Zipo ndoo ambazo kitako chake kimepashwa moto kikasukumwa kuingia ndani kama kifuu kilichofunikwa, nje huoni kitu, ndani nyanya saba nane zimekosa mahali pa kulala. Hiyo ilikuwa salama. Muuzaji akaanza kupanga, na hapo napo kuna ufundi, kwani nyanya ikisimamishwa kwa upana inaacha uwazi mkubwa kuliko ikilala. Mama akaitikisa ndoo mara mbili, ikashuka vidole vitatu. "Haya, endelea," akasema. Mwisho ikafika ukingoni, na mabishano yote yakawa juu ya mlima: nyanya ngapi zitapandishwa juu ya ukingo kabla hazijaanza kuporomoka. Bei ilikuwa imekubaliwa zamani. Walikuwa wanagombania umbo la ndoo. Wakala wa Vipimo miaka nenda rudi wanahimiza mizani na kuwakamata watu wa lumbesa, yale magunia yaliyoshonewa kofia juu, na wana haki, lakini ndoo bado ndiyo inayotamkwa sokoni.

Kuna ndoo moja ya karibuni ambayo pengine uliikuta ukiwa bado shule. Mwaka 2020, korona ilipoingia, kila mlango wa duka, benki na msikiti uliwekewa ndoo yenye koki kwa chini na beseni la kupokelea, na watu wakaiita maji tiririka, jina la kitendo likahamia kwenye chombo. Nyingi zimerudi jikoni, koki imezibwa kwa mpira.

Doo ya binamu yako haihitaji muda mrefu. Ni Sheng, imetokana na neno la mtaani la Kiingereza la kuitia pesa, na ndoo haihusiki nayo. Ukiandika kwamba klabu "imebeba ndoo" na msomaji wa Nairobi akadhani imelipwa mamilioni, kosa ni la masikio yake, ingawa kwa klabu nyingi za kwetu angefurahi kukosea hivyo.

Usiisahau pia ndoo iliyo juu. Kwenye safu za nyota za magazeti ya Tanzania, zile ambazo marehemu Sheikh Yahya Hussein alizifanya zisomwe hata na wasioziamini, watu waliozaliwa kati ya takribani tarehe 20 Januari na 18 Februari ni wa nyota ya Ndoo. Wanajimu wa pwani waliijua kwa jina la Dalu, kutoka dalw ya Kiarabu, yaani ndoo ya kuchotea maji kisimani. Ni dalw hiyo hiyo iliyomo katika Sura Yusuf, aya ya 19, pale msafara ulipomtuma mchota maji wao, akateremsha ndoo yake kisimani, na kilichoshikilia kikawa ni mtoto wa kiume. Wafasiri wa Kiswahili hapo huandika ndoo, na hakuna aliyewahi kuliona neno hilo kuwa duni kwa kazi hiyo. Nalitaja kwa sababu ya swali lako la uhuni. Neno linaloweza kukaa ndani ya tafsiri ya Kurani, kwenye nyanya za Ilala na mikononi mwa nahodha wa Yanga halina uhuni. Uhuni, ukiwapo, huwa wa sentensi.

Kwa mfano sentensi hii. Zamani niliwahi kuletewa tafsiri ya maandishi ya filamu niipitie. Mzee amelala kitandani, watoto wamemzunguka, daktari anatikisa kichwa, na chini ya picha pameandikwa: "Babu amepiga teke ndoo." Mfasiri aliitafuta kila kauli neno kwa neno kwenye kamusi ya Kiingereza. Waingereza husema hivyo juu ya aliyekufa, sisi hatuna habari na ndoo yake. Kwetu mzee huaga dunia, hukata roho, na akitajwa kijiweni amekata kamba, amekata moto, amedanja au amededi. Nilipomrudishia mfasiri, aliuliza kama aandike "debe" badala ya ndoo.

Basi kwenye meza yako fanya hivi. Ndoo ya kombe inabaki kwenye ngeli ya ndoo ya maji: ndoo yetu, ndoo hii, ndoo tatu, ndoo imetua. Nimeona vichwa vya "ndoo latua", mwandishi akifikiria kombe huku mkono ukiandika ndoo, na hapo ndipo msomaji huhisi kuna kitu kimeyumba bila kujua ni nini. Kwenye kichwa cha habari na maneno ya mashabiki, weka ndoo. Kwenye aya ya kwanza taja jina rasmi la shindano kwa neno kombe au ligi, ili msomaji wa Mombasa, wa Kampala au wa Muscat ajue kinachozungumzwa, kisha ndoo itafuata bila kumchanganya. Ukinukuu kauli ya rais wa shirikisho, usimtilie ndoo mdomoni kama yeye alisema kombe. Na kama habari yenyewe inahusu kweli shida ya maji huko Jangwani, bonde lile linalofurika kila masika, tafuta kichwa kingine kabisa, kwa sababu Dar hakuna atakayeamini ni maji.

Bibi mpelekee salamu. Siku ya fainali ukimpigia simu usimwambie wamebeba ndoo, atauliza ni ya nani na kwa nini wasiirudishe. Mwambie wamechukua kombe. Kombe analijua, ameosha mengi, ila jiandae akikuuliza kama ni la kulia wali au la kunywea dawa.